Noti Nane Zilizobaki

Shemeji yangu ni mtu mwema. Nalisema hilo mapema kwa sababu kuna siku nilitamani kumrushia pasi. Anafundisha muziki kwenye chuo cha ualimu, na wanafunzi wake wanamwita Mwalimu Zamu. Jina hilo amelitolea jasho.

Alipomchumbia dada yangu alikuwa mpiga gitaa wa kwenye harusi, na nyimbo zake zilikuwa za watu. Unazisikia mara moja, kesho yake unajikuta unaziimba ukiosha vyombo. Kisha akaenda kusoma, akarudi na mtindo wake. Alinieleza mara nyingi nikiwa kwenye cherehani yangu barazani kwangu, hadi nikauelewa bila kutaka. Piano, alisema, ina noti kumi na mbili tu, nyeupe na nyeusi. Zilizobaki ni hizo hizo, juu zaidi au chini zaidi. Mtunzi anazipanga zote kumi na mbili kwenye mstari mmoja, kwa mpangilio wake mwenyewe. Baada ya hapo, noti ikishalia inakaa kimya mpaka wenzake wote wamalize zamu yao. Mstari ukiisha, unaweza kuupiga kutoka mwisho kuja mwanzo, au ukaupindua, sauti ilipopanda ishuke na iliposhuka ipande.

"Kama kugeuza shati ndani nje," nilimwambia. "Shati ni lile lile."

"Ndiyo hivyo hivyo, shemeji."

"Sasa mbona halivaliki?"

Alicheka, lakini hakuacha. Alisema katika muziki wa kawaida kuna noti moja bosi, na nyingine zote zinahangaika kurudi kwake. Kwenye mtindo wake hakuna bosi wala kibarua. Aliyasema haya kwa macho ya mtu aliyeokoka juzi, na mtu wa namna hiyo huwezi kubishana naye.

Zamu ziliingia mpaka kabatini. Shati likishavaliwa halikuguswa tena mpaka mengine yote yavaliwe, na dada ndiye aliyeyatundika kwa mpangilio. Hakuona taabu, maana kazi yake ilikuwa kupiga pasi kwenye duka la dobi. Huko alikuwa akiimba kutwa. Kola ilikuwa na wimbo wake, mikono ya shati ilikuwa na wimbo wake, na wateja walijua shuka zao zimefikiwa kwa kusikia sauti tu. Muziki wa mumewe alijaribu kuuimba, akashindwa. Pale sauti ilipotaka kupumzika, noti nyingine ilishabisha hodi.

Hata hivyo alikaa akasikiliza kila alichotunga, mara nyingi peke yake. Siku moja kipande kimoja kilipigwa ukumbini chuoni, na mkuu wa chuo akaniinamia kuniuliza kama wanamuziki bado wanajaribu vyombo. Nilibana mbavu nisicheke. Kumbe mwanafunzi mmoja alikuwa amerudia noti kabla ya zamu yake. Ukumbi mzima hakuna aliyejua, isipokuwa shemeji, ambaye jioni ile nilimkuta jikoni kwao anafuta machozi kwa taulo la vyombo. Nilidhani amefiwa.

Basi, dada akaugua. Lilikuwa ini. Hospitali walifanya walichoweza, mwishowe wakatuambia twende naye nyumbani, na sote tulijua maana yake. Nilihamia kwao na cherehani yangu. Palikuwa na vidonge vya maumivu, lakini kila alasiri kidonge cha mchana kiliisha nguvu kabla cha jioni hakijafika wakati wake, na hapo katikati dada alijikunja akiuma mto. Mimi nilibaki kumshika miguu na kumlaani kila aliyewahi kusomea udaktari.

"Mwalimu," alimwambia mumewe asubuhi moja, "nitungie wimbo. Mfupi. Nikiwa na kitu cha kuimba, alasiri itapita. Nimesimama kwenye pasi miaka yote kwa kuimba tu."

"Nitakutungia."

"Unaoimbika, lakini."

"Unaoimbika, mke wangu."

Nilidhani ni kazi ya siku moja. Huyu ni mtu aliyewahi kutunga nyimbo akisubiri zamu yake kwa kinyozi. Lakini alikaa kwenye piano, akapiga noti tatu tamu, na ya nne ikamtoroka. Vidole vilikwenda kwenye noti ambayo haijaguswa bado, kisha nyingine, na wimbo ukapotea. Alijaribu asubuhi, akajaribu jioni. Dada alipojaribu kuufuata mstari wake pumzi ilimwishia njiani, akageukia ukutani asimuumize kwa uso wake.

"Piga basi ule wa zamani," nilimwambia. "Ule wa uchumba wenu."

"Sikumbuki. Niliuacha makusudi, na sasa siupati." Alikaa ameshika tama. "Shemeji, mkono wangu haujui kurudi."

Maji yalikuwa yamemfika shingoni. Wiki ile shati lilikuwa moja, la bluu, kola imekunjamana, na mtu wa kulinyoosha alikuwa kalala chumba cha pili. Nilimhurumia, na nilimkasirikia kwa kiasi hicho hicho. Mke anaomba kitu kimoja, na ndicho kitu pekee ambacho mume amejifunza kukisahau.

Kisha ikaja alasiri mbaya kuliko zote. Dada alikuwa akiguna kwa maumivu, sauti ikianguka kidogo kila alipotoa pumzi. Shemeji alikuwa pembeni ya kitanda amemshika mkono. Akaanza kuguna naye. Nadhani hakujua anafanya nini. Mguno wake ulishuka na wa dada noti mbili, ukapanda hadi nyingine moja, ukarudi ulikoanzia, ukashuka tena. Noti nne tu, zinazunguka. Dada akanyamaza kusikiliza. Halafu akaudaka.

Waliimba pamoja, na nikaona mabega ya dada yangu yanalegea. "Ndio huu," alisema. "Mwalimu, ndio huu huu."

Nililia kwa furaha, sioni haya kusema. Nilipomtazama shemeji, midomo yake ilikuwa ikihesabu.

"Haujakamilika," alisema. "Ni noti nne. Zimebaki nane."

"Ziache zibaki," dada alimwambia.

"Nitaziweka vizuri, utaimbika hivi hivi. Sikawii. Nikupe kitu kizima, siyo kipande."

"Shemeji, kaa chini," nikasema.

Lakini alishafika sebuleni. Sikuwa nimemwona na uso ule tangu dada augue. Alikuwa kama mtu aliyepata ufunguo wa nyumba yake. Tukasikia piano. Noti nne, kisha ya tano anaitafuta, anaikataa, anatafuta nyingine. Dada aliendelea kuimba zile zake, taratibu, macho kafumba. Kila mzunguko ulikuwa mwepesi kuliko uliopita. Nilipomshika mkono nikaona vidole vimepoa, nikaita.

"Shemeji, njoo."

"Nakuja."

"Njoo sasa hivi."

"Imebaki moja," alijibu, na piano ikalia.

Sikuweza kuuachia mkono wa dada nikamvute. Nilikaa pale nikisikiliza mmoja akishuka, akipanda, akirudi, na mwingine ng'ambo ya ukuta akitafuta. Dada alifika kwenye noti ya kwanza. Nikasubiri ashuke. Hakushuka.

Shemeji aliingia na karatasi mkononi. "Nimezipata zote," alisema, kisha akamwona, akaniona mimi. Alikuja akakaa sakafuni na shati lake la bluu, akaegemeza kichwa kwenye godoro. Nilikuwa na maneno makali tayari mdomoni, lakini nikayameza.

"Aliishia wapi?" aliuliza.

"Nini?"

"Wimbo. Aliishia wapi?"

Mimi si mwanamuziki, ila hilo nililijua. "Alirudi kwenye ile ya kwanza," nikamwambia. "Akatulia hapo."

Aliitazama ile karatasi, mstari wote, noti zote zimepata zamu yao. Akaikunja ikawa ndogo sana.

"Kwa hiyo ulikuwa umeisha," alisema. "Ulikuwa umeisha kabla sijatoka humu ndani."