Nomoni na Kona ya Zizi

Neno hili nililiokota Kakuma, na laiti ningeliacha hukohuko. Nomoni. Usihangaike kulitafuta. Kamusi yangu ya Kiswahili, ile nene yenye jalada lililolegea, haina habari nalo, na walimu wenzangu waliposikia nikilitamka waliniuliza kama ni dawa ya malaria. Mimi ni mwalimu wa hesabu katika shule moja ya kambini. Sina mali wala cheo, na kwa miaka mingi kitu pekee nilichojivunia ni kujua maneno ambayo wengine hawayajui. Huo ndio ugonjwa wangu, nausema mapema usije ukanihurumia bure.

Aliyenipa neno ni Mkongomani ninayefundisha naye, mtu mzima kunizidi, aliyekuwa akifundisha hesabu kwao kabla ya kukimbia vita. Kila mwaka mwishoni mwa mwezi wa tatu, jua linapopita juu kabisa ya vichwa vyetu, yeye huchomeka kijiti kilichonyooka katikati ya uwanja na kuwaita wanafunzi. "Batoto, muangalie muzuri," huwaambia. "Kivuli iko naenda kuisha." Na kweli, mchana ukikamilika kivuli kinarudi, kinarudi, mpaka kinajificha chini ya kijiti chenyewe. Kijiti cha namna hiyo, akanieleza, kinaitwa nomoni: mti unaosimamishwa ili kivuli chake kiseme saa. Asili ya neno ni kwa Wayunani wa kale, na kwao lilimaanisha yule ajuaye. Hapo ndipo nilipolipenda. Niliona kama nimetajwa mimi.

Baadaye akanipa maana nyingine. Skwea ya fundi, kile chuma cha kuhakikisha kona ya ukuta imekaa sawa, nayo waliiita nomoni. Na ya tatu, ambayo ndiyo ya hesabu hasa, ni hii: chukua mraba, ukate mraba mdogo kwenye kona yake moja. Kinachobaki, chenye umbo la herufi L, ndicho nomoni. Alinifundisha kwa kokoto, tumechuchumaa nyuma ya ofisi ya walimu. Weka kokoto moja. Izungushie tatu pande mbili, unapata mraba wa nne. Zungushia tano, unapata wa tisa. Kila safu unayoongeza ni nomoni, umbo linakua na halibadiliki. Nikauchukua mchezo huo na kuupeleka darasani. Wanafunzi waliupenda, nami nikavimba kichwa kuliko wao wote.

Sasa nije nyumbani, maana hadithi yenyewe iko nyumbani.

Kwetu ni Lodwar, mtaa wa Nawoitorong. Baba alipata pale mahali enzi ambazo ardhi haikuwa na karatasi. Ulizungushia miiba ya mathenge, ukajenga nyumba ya makuti ya mkoma, basi, pakawa pako. Boma letu lilikuwa mraba karibu kamili, na kwenye kona ya nyuma palikuwa na zizi la mbuzi. Baba alipofariki tulimzika humohumo zizini, kama anavyozikwa mwenye boma kwetu. Na mwenye boma akishazikwa, watu wanahama. Huwezi kupika na kulala na kugombana juu ya mtu aliyepumzika. Porini ni rahisi, unapakia punda na kuondoka. Mjini utahamia wapi? Jirani huku, jirani kule, barabara mbele. Mama akafanya alichoweza. Aling'oa uzio wa kona ile, akauvuta ndani kama hatua ishirini, akaliacha zizi zima nje. Huko ndiko kuhama kwake.

Juu ya kaburi watu wa ukoo walirundika mawe, na kila mgeni aliyetutembelea aliongeza lake. Jioni mama alikuwa akisogea kwenye uzio, akirusha tumbaku kidogo upande ule, akisema maneno mawili matatu, kisha akirudi kwenye sufuria yake. Baba alipenda tumbaku kuliko chakula. Hakuna aliyeona ajabu.

Likizo moja ya Agosti wapimaji wa ardhi wakafika mtaani. Kila mtu alikuwa apate hati miliki, tuliambiwa, na mtaa mzima ulikuwa umevaa nguo safi. Waliokuja kwetu walikuwa vijana wawili na mashine yao, na afisa mmoja aliyebeba karatasi. Afisa akamsalimu mama kwa lugha yetu, "ejok" ya kujikaza, iliyomchekesha. Baada ya hapo wakaishiwa maneno wote wawili, kwa sababu Kiswahili cha mama kinatosha kununua sukari na kuishia hapo. Basi mkalimani nikawa mimi, na kwa kuwa nilijitia kujua kila kitu nikaomba pia kushika ufito wa kupimia.

"Mwalimu, mwambie mama atuonyeshe boma lake linaishia wapi," afisa akasema.

Nikamwambia. Akatembea kando ya uzio wake, mbele, ubavuni, mpaka nyuma. Alipofika pale uzio unapoingia ndani, akaingia nao. Hakutazama upande wa zizi. Kwake jibu lilikuwa sahihi kabisa: boma ni pale watu wanapoishi, na aliyelala kule alishapewa pake. Nani angemwambia kwamba kwenye karatasi marehemu naye anahitaji bikoni, lile jiwe la mpaka? Mimi. Pale hapakuwa na mtu mwingine aliyejua mambo yote mawili, ya mama na ya karatasi.

Nami niliona, nisidanganye. Niliona mstari ukikata kona na kuingia ndani, na kilichonijia kichwani hakikuwa baba. Kilichonijia ni neno.

"Hii shepu ina jina lake," nikamwambia afisa. "Inaitwa nomoni."

"Inaitwa nini?"

Heri angenyamaza. Nikamweleza yote, Wayunani, kijiti, skwea, kokoto, moja, nne, tisa, nimesimama juani na ufito mkononi. Vijana wa mashine wakaacha kazi wakanisikiliza. Afisa akacheka akasema, "Mwalimu, kipaji chako kinapotea bure Kakuma." Nikafurahi kama mtoto aliyenunuliwa soda. Nilikuwa ndiyo kwanza nafika kwenye kokoto ya kumi na sita aliponikatiza, akaelekeza kalamu nyuma ya uzio.

"Pale kwenye mawe ni wazi, sivyo?"

"Hakuna anayekaa pale," nikajibu, haraka, kwa kuudhika kidogo, maana alikuwa ameniharibia mtiririko.

Akaandika. Mama, aliyekuwa ametusubiri muda wote huo akiwa amesimama, akaniuliza tunazungumza nini.

"Mambo ya shule tu," nikamwambia.

Ramani ilipobandikwa ofisini, pamoja na tangazo la siku za kuweka pingamizi, nilikuwa nimeshuka Lodwar kwa mapumziko mafupi. Nilikwenda kuitazama. Boma letu lilikuwa limechorwa vizuri, pembe zote sawasawa, nomoni ambayo ningeweza kuichapa kitabuni. Unajua nilifanya nini? Nikaipiga picha kwa simu, nikapanda gari kurudi Kakuma, nikaenda moja kwa moja kumwonyesha yule Mkongomani.

Alishika simu akaikuza picha kwa vidole viwili. "Ni nomoni kweli," akasema. Kisha akaweka ukucha kwenye kona. "Na hii kadogo yenye walikata, ni ya nani?"

"Zizi la zamani. Baba amelala hapo."

Akanirudishia simu yangu. "Mwalimu," akasema, "mimi sijue baba yangu walimutupa wapi. Wewe unajua, na umepiga picha. Enda kwenu. Leo."

Sikwenda leo. Ilikuwa wiki ya mitihani, na mwalimu mkuu si mtu wa kuombwa ruhusa wiki ya mitihani. Halafu yakaja masahihisho, halafu barabara ikakatwa na maji ya lagga, ule mto mkavu unaofurika mvua ikinyesha, halafu nikajiambia kwamba wiki ijayo haiko mbali. Visingizio ninavyo vingi na vyote ni vya kweli, ndiyo maana havinisaidii. Nilipofika ofisini siku za pingamizi zilikuwa zimekwisha. Msichana wa dirishani alinieleza kwa Kiingereza kizuri kwamba rejista imefungwa. Nami nikamjibu kwa Kiingereza kizuri. Tukaagana kwa adabu.

Kona ile iliandikwa ardhi isiyo na mwenyewe, na mwaka uliofuata ikapata mwenyewe. Ni mtu wa vifaa vya ujenzi, na alikuja kwa mama akiwa na hati yake mkononi, akaamkia, akakubali kiti, akaeleza kwa Kiswahili ambacho mama hakukielewa. Si mtu mbaya, na hilo linaniudhi zaidi. Ningepata mwizi ningemchukia nikalala usingizi. Nilipopigiwa simu na kukimbia kutoka Kakuma nilikuta ukuta wa mawe na matofali umeshapita kimo cha mama, na nyuma yake stoo ya saruji imeezekwa mabati. Nikamwambia yule mwenye hati kwamba hapo pana kaburi. Akasema karatasi ilisema ni wazi, na kwamba hakuna aliyemwambia.

"Na yale mawe?" nikamuuliza.

"Nilidhani mafundi fulani waliyaacha." Akatazama chini. "Yako kwenye msingi, mwalimu."

Kila jiwe la kila mgeni, na langu mwenyewe nililolibeba kutoka Turkwel mtoni siku ya mazishi kwa sababu nilitaka lililo laini.

Jioni hiyo nilimkuta mama ameketi kwenye kigoda chake, mgongo ameupa ukuta. Akaanza yeye.

"Siku ile ya wapimaji uliwaambia neno wakacheka. Lilikuwa neno gani?"

"Nomoni."

"Ni nini hiyo?"

Maana zote tatu nilikuwa nazo mdomoni. Nikampa moja. "Ni kinachobaki ukishakata kona."

Mama hana haraka na maneno, hilo sikulirithi kwake.

"Hilo ulilikumbuka," akasema. "Na la kuwaambia 'baba yangu amelala pale' hukulikumbuka. Lilikuwa gumu?"

Nimefundisha hesabu nusu ya maisha yangu, na sijawahi kuulizwa swali jepesi namna hiyo. Nilitamani anipige, anitukane, anifukuze, chochote ambacho mtu anaweza kukipokea na kikapita. Alifungua fundo la shuka yake, akatoa tumbaku, akanitia kiganjani.

"Rusha wewe," akasema. "Mimi sifiki. Nikirusha inagonga ukuta inanirudia."

Nikainuka, nikarusha juu ya ukuta. Upande wa pili kulikuwa na mtu akishusha mifuko ya saruji. Akaacha kazi, akapaza sauti kwa Kiswahili, "Nani huyo anatupa takataka huku?"

Mama akainua uso. "Anasema nini?"

Safari hii nikamtafsiria, neno kwa neno.