Mguu wa Wifi

Kazini walimwita Mama Namba, kwa kuwa kutwa alikaa chumba cha mafaili cha hospitali akigeuza maandishi ya madaktari kuwa namba: ugonjwa una yake, jeraha lina yake, hata chanzo cha jeraha kina yake. Hakuwa mtu wa vicheko. Vilimwishia siku wifi yake, dada wa mumewe, alipohamia kwake na mabegi mazito, eti anapita tu.

Jikoni pakawa uwanja wa vita. Huyu akifunika sufuria, yule anafunua. Asubuhi moja, mume akiwa safarini, wifi alimtazama juu hadi chini.

"Kaka yangu alihitaji mke mwenye mikono ya kupikia. Kaletewa ya kuandikia."

Mama Namba alikuwa ameshika birika. Hakufikiri. Maji ya moto yakampata wifi chini ya goti la kushoto, na ukelele wake ukasikika nyumba ya jirani.

Mchana, hospitalini, faili la wifi likamfikia mezani. Mguu wa kushoto, ngozi imeungua daraja la pili, malengelenge madogo. Chanzo: ajali, birika lilimteleza mgonjwa mwenyewe.

Namba ya ajali aliijua kama jina lake, lakini kidole kiligoma kuibonyeza. Akatoka. Wifi alikuwa kwenye benchi la nje, bandeji mguuni.

"Mbona umedanganya?"

"Nimekusitiri, wifi yangu." Akatabasamu kwa meno tu. "Na kaka nitamwambia hivyohivyo. Wewe nipishe chumba cha mbele, halafu jikoni usinipandishie sauti tena. Siku ukijisahau, na mimi nitakumbuka vizuri."

Mama Namba alimpa mgongo. Aliingia kwa daktari bila hodi.

"Birika halikumteleza yule mwanamke. Nimemmwagia mimi, kwa hasira."

Daktari akaweka kalamu chini. "Mama, nikiandika hivyo, ustawi wa jamii watakuita. Na faili hili hutaligusa tena."

"Andika."

Wifi akaitwa. Alipoulizwa kama ni kweli, uso ulimvimba.

"Mpumbavu wewe!" akamfokea Mama Namba. "Nilishakuweka kiganjani!"

Daktari hakuuliza tena. Faili likarekebishwa, likapewa karani mwingine. Afisa wa ustawi alimhoji Mama Namba mpaka jasho likamtoka, na mkuu wake akampa onyo.

Mume aliporudi, kila mmoja alimvutia upande wake kabla hajavua viatu.

"Nyie mtanizika," akasema.

Wifi hakuhama, ila chumba cha mbele hakukipata. Mguu ulipona, likabaki baka jeusi. Mama Namba hakuomba radhi, na wifi hakuzitaka. Wanapishana koridoni kama watu wasiojuana, kila mmoja na sufuria yake.