Barua ya Kujitoa ya Mtu wa Nne

Kwa miaka ishirini na mitatu Edivaldo Nogueira alikuwa karani wa ajira wa manispaa yetu ya Ribeirão Seco, huku Minas Gerais, Brazili, na hakuna aliyewahi kumtilia shaka. Hakupokea hata kuku wa Krismasi. Ninalisema hili kwanza kwa sababu ni kweli, na kwa sababu wengi hudhani kwamba aibu huwapata wezi peke yao.

Manispaa ilitoa mtihani wa kuajiri wapishi wa shule. Nafasi zilikuwa nne. Lucimar Batista, mama wa miaka hamsini na mmoja aliyeishi kwa kufulia watu nguo, alishika namba ya tano, akaandikwa wa kwanza katika orodha ya akiba. Sheria hapo haina utata. Mmoja wa wale wanne akijitoa kabla orodha haijatimiza miaka miwili, nafasi ni ya wa tano. Si hisani, ni haki yake. Miaka miwili ikipita, orodha imekufa.

Kila Ijumaa Lucimar alikwenda kusoma ubao wa matangazo, kisha akapita dirishani kwa Edivaldo kuuliza. Wanawake wa duka la mikate walimtania njiani.

"Bado uko benchi, Lucimar? Kocha hajakuita tu?"

"Mimi nimeshafunga kamba za viatu," alijibu. "Kocha ndiye amelala."

Watatu wa kwanza waliajiriwa mapema. Wa nne, binti wa mji mwingine, aliitwa mwaka wa pili, na kwa muda wote huo jiko lake lilishikwa na kibarua wa mkataba. Kibarua huyo alikuwa Rosilaine, binti wa Edivaldo, mwenye mtoto mchanga na mume asiyejulikana aliko. Mwezi Machi yule wa nne alituma barua ya rejista: amepata kazi kwao, anajitoa.

Edivaldo alisaini kadi ya mtu wa posta, akafungua bahasha, akasoma. Alipaswa kugonga mhuri wa tarehe ya siku ile na kubandika tangazo ubaoni. Badala yake aliitia barua ndani ya jalada la maombi ya likizo. Alijiambia ni miezi mitatu tu hadi orodha ife na binti yake abaki jikoni, na kwamba mtoto hanyweshwi sheria. Mimi kisingizio hicho sikikubali. Lucimar naye alikuwa na tumbo la kujaza.

Ijumaa iliyofuata alipouliza, Edivaldo alimjibu bila kuinua macho: "Bado tunamsubiri, Dona Lucimar."

"Haya, Seu Edivaldo," alisema, maana hapa kwetu mwanamume huheshimiwa kwa Seu na mwanamke kwa Dona. "Mungu akubariki kwa uvumilivu wako."

Akarudi wiki iliyofuata, na iliyofuata tena, akapewa jibu lilelile. Mwezi Juni orodha ikafa. Siku nne baadaye Edivaldo akaigonga barua mhuri wa tarehe ya siku hiyo, akabandika tangazo ubaoni.

Lucimar alilisoma, akaenda kwa wakili wa serikali anayetetea wasio na uwezo, shauri likafunguliwa. Mahakamani jaji alimuuliza Edivaldo barua ilifika lini. Alijibu kwamba ilifika orodha ikiwa imeshakwisha, na mhuri ni ushahidi. Wakili hakubishana naye. Aliweka mezani kadi ndogo ya posta.

Barua ya rejista ikipokelewa, kadi iliyosainiwa hurudishwa kwa aliyetuma. Edivaldo alikuwa amesaini maelfu ya kadi hizo akiongea na simu, wala hakuwahi kujiuliza zinaishia wapi. Binti wa mji mwingine alikuwa ameitunza yake.

"Saini hii ni ya nani?" jaji aliuliza.

"Yangu."

"Na tarehe?"

Edivaldo aliisoma. Ilikuwa ya mwezi Machi, kwa mwandiko wake mzuri ambao walimu wa mji huu wamekuwa wakiusifu.

Jioni ile Rosilaine alimkuta jikoni, akamwekea aproni ya shule mezani.

"Uliniambia hakuna mwenye nafasi, baba. Nimekula mkate wa yule mama miezi mitatu, na wewe ndiye uliyenikatia." Hakupaza sauti. Edivaldo aliniambia baadaye kwamba afadhali binti yake angepiga kelele.

Jaji aliamuru Lucimar aajiriwe. Uchunguzi wa nidhamu dhidi ya Edivaldo ulikuwa haujaisha, na hakukuwa na mwingine anayejua daftari la viapo, ambamo waajiriwa wapya husaini, kwa hiyo Jumatatu ni yeye aliyelifungua. Lucimar alikuja na blauzi iliyopigwa pasi, akasimama dirishani palepale.

"Nisaini wapi, Seu Edivaldo?"

Alimwonyesha mstari. Tangu alfajiri alikuwa ameandaa maneno mengi, lakini yaliyotoka yalikuwa machache.

"Dona Lucimar, nilikudanganya Ijumaa kumi na mbili."

"Kumi na tatu," alisema, akasaini polepole hadi herufi ya mwisho, akamrudishia kalamu. "Na mimi nikakuombea baraka kila mara. Naanza lini?"

"Leo. Watoto wanakula saa nne."

Alitazama saa ya ukutani, akaondoka kwa haraka. Nyuma yake foleni ilikuwa ya watu sita, na wote walikuwa wamesikia. Edivaldo alifunga daftari, akamwita anayefuata, na mtu yule alichelewa kidogo kusogea.