Gizani Mna Watu

Mwaka aliopoteza macho, Eufrazia alivifunga vitabu vyake kwa kamba ya katani, akavipandisha juu ya kabati, akamwambia mumewe, "Hivi sasa ni vya panya."

Tulipanga nyumba moja pale Chang'ombe. Mie na mume wangu tulikuwa chumba cha mbele, yeye na Leonardi chumba cha uani. Walikuja kutoka Newala mara baada ya Uhuru, Leonardi na patasi zake za kuchongea mpingo, Eufrazia na vitabu alivyopewa misheni. Leonardi hakujua kusoma. Jioni alikuwa akichonga mlangoni huku mkewe akimsomea kwa sauti, na sie wapangaji tukijikuta tumesogeza vigoda. Halafu macho ya Eufrazia yakaanza kuuma. Ukungu ukaingia jicho moja, likafuata la pili, na Azimio la Arusha lilipotangazwa tayari alikuwa hatofautishi mchana na usiku.

Kupika alijifunza upya. Kisimani alifika mwenyewe. Lakini uani palikuwa kimya, na Leonardi alichonga kama mtu anayegombana na ule mti.

Elimu ya watu wazima ilipoanza, mie nilijiandikisha kwa mwalimu Gaspar, kijana wa Bukoba aliyefundisha barazani kwenye ofisi ya tawi la chama. Jioni moja Eufrazia alinishika mkono.

"Atuganile, nipeleke na mie."

"Dada, utasoma na nini?"

"Nipeleke tu. Nikikaa humu nitaota kutu."

Wenzetu darasani walicheka. Mwalimu Gaspar hakucheka. Alimwamkia shikamoo, akamweka mbele, na kipindi kilipokwisha akamwambia kwamba huko bara kuna shule ya wasioona, watoto wanasoma kwa vidole. Angeandika kuulizia.

Ilichukua miezi. Hatimaye kikaja kibao, sindano ya kutobolea, na karatasi nene zenye nukta nundu. Vidole vya Eufrazia vilikuwa vimekomazwa na mchi na moto, havikusikia kitu. Alilia. Leonardi akamwangalia, akachukua kipande cha mpingo, akakitoboa matundu sita, akachonga na vijiti vya kuchomeka ndani yake. Hizo ndizo nukta alizoanza nazo, kubwa kama punje za mahindi. Alizipapasa hata akiwa anangoja ugali uive. Akishazimudu, mumewe alichonga nyingine ndogo zaidi, mpaka siku moja Eufrazia akarudi kwenye zile karatasi na kusema, "Hapa pameandikwa 'mama'." Leonardi alitoka nje akakaa peke yake.

Vitabu vilivyokuja baadaye vilikuwa vikubwa kama sinia. Kimoja kilikuwa mkasa wa wachimba madini waliofukiwa mgodini. Taa zao zinazimika, na humo gizani wanaanza kujuana upya, kwa pumzi na kwa sauti. Eufrazia alikipenda kitabu hicho kupita vyote. Alikisoma mpaka nukta zikaanza kulala.

Vita vya Kagera vilipokwisha, mafuta ya taa yaliadimika. Tulipanga foleni dukani tukarudi na madumu matupu. Magharibi ikiingia, watu walikuwa wanajifungia ndani mapema. Ndipo Eufrazia akatoka na kitabu chake, akaketi katikati ya uani.

"Nyie mnakimbilia wapi? Mie sihitaji kibatari."

Akasoma. Giza lilikuwa totoro, hatukumwona yeye wala kitabu, tulisikia sauti yake na vidole vikitembea juu ya karatasi. Alipofika pale wachimbaji wanapoulizana nini kinaonekana humo ndani, akasimamisha vidole.

"Na nyie je? Mnaona nini?"

Mmoja akasema anaona njaa. Tukacheka. Halafu akazungumza Bi Mauwa, jirani yetu wa ukuta mmoja, ambaye mwanawe alikwenda vitani na hakurudi. Tangu apate habari ile alikuwa haitikii hata salamu.

"Mie namwona Jamali," alisema. "Amevaa shati lake la shule. Ananiomba chai."

Mchana mtu angeinama, mwingine angempangusa machozi, naye angenyamaza tena. Gizani hakutazamwa na mtu. Akaendelea kumsimulia mwanawe, alivyopenda ukoko, alivyoogopa bata, akacheka, akalia, akacheka tena. Nasi tukamsikiliza mpaka mwisho.

Kisha Leonardi akauliza polepole, "Na wewe mke wangu, unaona nini?"

"Wote nawaona. Wewe umenipotea. Naijua sauti yako, harufu ya mpingo, nyayo zako. Sura imefutika. Niliogopa kukwambia."

Nilisikia kigoda kikisogea. Nadhani alimshika mkono akauweka usoni pake, maana baada ya muda tulimsikia Eufrazia akisema, "He! Ndevu zote hizi? Mbona umezeeka hivi?" Uani kote tukaangua kicheko, na Leonardi ndiye aliyecheka zaidi.

Baada ya hapo ikawa desturi. Hata mafuta yalipopatikana, watu walizima vibatari vyao wakaja kusikiliza. Eufrazia naye akaanza kutoboa kitabu chake mwenyewe, kuhusu yale aliyoyaona tangu macho yake yafungwe: mvua inavyochora paa la kila nyumba, mtu mwongo anavyovuta pumzi, Bi Mauwa na mwanawe, kwa ruhusa yake. Alikiita Gizani Mna Watu. Mwalimu Gaspar alikipeleka kwenye ile shule ya bara.

Eufrazia alifariki kwa homa kabla ya kusikia kama kuna aliyekisoma. Leonardi alirudi Newala, hakuweza kukaa chumba kile. Mie nilibaki, na jioni zangu zikawa ndefu.

Mwaka Mwalimu alipong'atuka urais, alikuja binti mmoja wa Kihaya, Kokushubila, haoni, amesomea ualimu. Aliuliza nyumba hadi nyumba mpaka akaifikia yetu. Nilipomkaribisha uani alisimama akasikiliza, akanusa hewa, akatabasamu.

"Shikamoo mama. Bi Mauwa bado yupo?"

Nilimwita. Bi Mauwa alitoka taratibu, kiuno kinamsumbua. Yule binti alimtafuta mkono akamwamkia, halafu akasema, "Bibi, hebu nisimulie. Jamali aliwaogopea nini bata?"

Bi Mauwa aliketi chini palepale, akamvuta binti ubavuni pake, akaanza.