Tarishi aliyejiita mwenyewe kwenye usaili

Saa moja na nusu asubuhi, ukungu wa Mbinga ukiwa bado umelala juu ya mibuni, Othmar Kapinga anafungua mlango wa ofisi moja ya serikali. Anafagia, anabandika maji ya chai, anapanga barua za kupeleka. Halafu anatoa mfukoni karatasi iliyokunjwa mara nne, anaisoma yote, anairudisha.

“Nahakikisha haijabadilika,” anasema.

Karatasi hiyo ya Juni mwaka huu, 1999, inasema ameajiriwa kwa masharti ya kudumu na malipo ya uzeeni. Kabla ya hapo, kwa miaka kumi na minne, Othmar alikuwa tarishi wa mkataba wa miezi mitatu. Ukiisha mmoja, unaandikwa mwingine. Ametia sahihi mikataba hamsini na sita.

“Hata sahihi yangu imezeeka,” anasema.

Mkataba ule haukujua likizo wala ugonjwa. Mwaka 1992 malaria ilimlaza siku tatu, nazo zikakatwa kwenye mshahara. Tangu hapo akiugua alisambaza barua huku anatetemeka, na waliozipokea wakadhani ameleta habari za msiba.

Lakini mkataba huohuo ulimwokoa. Lilipopita panga la kupunguza wafanyakazi, liliwafyeka wenye ajira za kudumu, likamruka yeye. Jina lake halikuwemo kwenye orodha ya kupunguzwa kwa sababu halikuwemo kwenye orodha yoyote.

Januari ukaja waraka. Nafasi ya tarishi ijazwe kwa ajira ya kudumu, lakini aliyepo asipewe hivihivi: itangazwe, watu waombe, wasailiwe, na umri uwe chini ya miaka arobaini na mitano. Othmar alikuwa na arobaini na minne. Mwezi wa tisa angeitimiza. Asingepata nafasi nyingine.

Tangazo alilibandika mwenyewe. Maombi ya watu aliyapokea mwenyewe. Na barua za kuwaita kwenye usaili, nani tena wa kuzipeleka?

Walioitwa walikuwa wawili tu: yeye, na kijana mmoja wa Mbamba Bay aitwaye Urbani, mwenye cheti cha kidato cha nne. Othmar ana cha darasa la saba, nacho kimeliwa pembe na panya.

Barua ya Urbani alilala nayo nyumbani usiku mmoja. Mkewe, Getrude, aliitazama pale mezani kama mtu anayetazama nyoka.

“Baba Zita, barua hupotea.”

“Hazijawahi kupotea mikononi mwangu.”

“Basi ianze hiyo.”

Othmar anakiri kwamba hakupata usingizi. Alfajiri alipanda baiskeli, akateremka kuelekea ziwani, zaidi ya kilomita sitini za kona na kokoto. Breki zilikufa njiani. Akamalizia safari kwa kukanyagia tairi soli ya kiatu. Alifika ufukweni na kiatu kimoja na nusu.

Urbani alikuwa anashona nyavu. “Shikamoo, mzee.”

“Marahaba. Weka sahihi hapa.”

Kijana alisoma, akaruka kwa furaha. Mama yake, Albina, alimwandalia mgeni ugali wa muhogo na usipa, wale dagaa wa Ziwa Nyasa, kisha akamuuliza: “Hiyo kazi anaitaka nani mwingine?”

“Yupo mzee mmoja,” Othmar akajibu, akaendelea kula.

Akarudi Mbinga juu ya lori la samaki, baiskeli kifuani. Getrude alimnusa, akamwekea maji ya kuoga, akaenda kulala.

Siku ya usaili Othmar alipanga meza, akawamiminia chai wasaili watatu, akaambiwa aite wa kwanza. Akamwita Urbani. Urbani alipotoka, Ofisa Utumishi, Mama Rukia, mwenyeji wa Tanga aliyehamia hapo majuzi, akasema bila kuinua macho: “Mwite anayefuata.”

Othmar akatoka ukumbini, akaita: “Othmar Kapinga!”

Kimya.

“Nikaona nitaandikwa sikufika,” anasimulia. “Nikajibu: ‘Naam!’ Urbani alicheka mpaka akashika ukuta.”

Akabisha hodi, akaingia.

“Mbona umerudi peke yako?” Mama Rukia akauliza. “Yuko wapi?”

“Ndiye mimi, mama.”

Mwenyekiti, mgeni kutoka Songea, akamuuliza anaifahamu ofisi ile kiasi gani.

“Hicho kiti chako, mheshimiwa, mguu wa nyuma umeungwa kwa misumari miwili. Usiegemee.”

Onyo lilichelewa. Othmar alimnyanyua mwenyekiti, akampangusa chai, akarudi kwenye kiti chake kuendelea kusailiwa.

Mama Rukia anasema kiti hakikuamua lolote. “Tulimuuliza Urbani barua ilimfikiaje, akasema kaletewa na huyuhuyu aliyetupa chai. Tukafungua daftari la barua, tukakuta sahihi ya Urbani. Waraka unataka uzoefu na uaminifu. Tungeandika nini kingine?”

Urbani alirudi kwenye nyavu zake. “Mzee alinifuata mpaka ziwani aje anishinde,” anasema, na bado anacheka.

Barua ya ajira ilikuja na sharti: mwaka mmoja wa majaribio, ionekane kama kazi anaiweza.

“Getrude alipoisoma,” anasema Othmar, “akaniambia nisiwaangushe.”

Akithibitishwa mwakani atachukua likizo, siku ishirini na nane, ya kwanza maishani mwake. Mama Rukia amemuuliza atasafiri kwenda wapi.

“Siendi popote,” anasema, akifunga mkoba wa barua kwenye baiskeli. “Nimekaa na mke wangu Jumapili tu miaka yote hii. Nataka nikae nyumbani nione Jumanne inakuwaje.”