Nilibonyeza update dada yangu akiwa leba, simu ikagoma kuwaka

Wakuu, habari za mchana. Haya yamenikuta mimi mwenyewe na siongezi chumvi.

Nauza zipu na vifungo Kariakoo. Simu yangu ni tachi ya kizamani, ya bei chee, zile ambazo laini inakaa chini ya betri. Ukitaka laini, uchomoe betri kwanza.

Juzi dada yangu Zuhura alishikwa na uchungu, nikampeleka hospitali. Mumewe ni dereva wa lori, alikuwa njiani kuelekea Tunduma. Nesi akachukua namba yangu akasema, "Kaka, nenda kaendelee na shughuli zako, ila simu iwe hewani. Tukikuhitaji tutapiga."

Nikarudi kwenye meza yangu.

Sasa, sisi watu wa bando mnatujua. Ule ujumbe wa update nimeukwepa miaka, nani ateketeze MB zake kwa mambo hayo? Lakini siku hiyo Mama Salma wa duka la vitenge, jirani yangu, alikuwa amefungiwa Wi-Fi mpya akanipa password. Ujumbe ukaja tena. Kwa tamaa ya cha bure, nikabonyeza.

Nilijua inadownload tu. Kumbe ikimaliza inajizima yenyewe.

Kioo kikawa cheusi. Ikaja nembo na kamstari kanakosogea, halafu kamstari kakaganda.

Wakuu, niliogopa. Hapo nesi akipiga, hanipati. Fundi simu wa meza ya pili akanionya, "Usichomoe betri katikati, itakufa mazima hiyo." Basi nikaikodolea macho kama mtu anayelinda maziwa jikoni. Kila nikifikiria kuchomoa, mkono unakataa.

Mama Salma akanikazia macho. "We mwanangu, unailinda simu au unamlinda dada yako?"

Nikachomoa. Kwa haraka zangu, laini ikadondokea kwenye rundo la vifungo, nikawa nachakura huku namwomba Mungu kwa sauti. Nikaipata. Mama Salma akatoa laini yake kwenye kisimu chake cha kitochi, tukaweka yangu.

Meseji za kupigiwa zikamiminika, zote namba moja nisiyoijua. Nikapiga, nesi akapokea.

"Ndugu wa Zuhura? Tumekutafuta sana! Anatoka damu nyingi, njoo na watu wa kuchangia sasa hivi!"

Bodaboda sikumbuki hata nilivyoipanda. Fundi simu aliacha meza yake akaja na wenzake wawili, Mungu awalipe. Tukatoa damu, kisha tukakaa nje. Kila mlango ukifunguka roho inaniruka.

Alhamdulillah, mama na mtoto wapo.

Kesho yake nikaingia kumwona. Akaniambia taratibu, "Kaka, niliomba simu ya nesi nikakupigia mwenyewe. Kale kadada ka mtandao kakasema hupatikani. Nikajua nakufa, nikaanza kutoa shahada."

Nikamwomba msamaha.

Simu ilikufa kweli, na sina hamu nayo. Wakuu, ukiwa na mgonjwa usiguse update, hata Wi-Fi iwe ya bure vipi. Na hospitali acha namba ya mtu wa pili.

Nani mwingine simu imemzimikia siku anayotafutwa? Semeni mlitokaje. Na wa kunisema aniseme tu. Zuhura kanisamehe, ila mimi bado naogopa.