Mgeni Aliyepuliza Kaseti kwa Papa Séverin

Nitaanza na aibu yangu mwenyewe, ili mjue sina sababu ya kuwadanganya. Mtu anayetunga uongo hujipa nafasi nzuri ndani yake. Mimi katika kisa hiki ndiye mjinga, tangu mwanzo hadi mwisho. Haya niliyaona kwa macho haya mawili, nikiwa na akili timamu, Kalemie, miaka ya mwisho ya Zaire. Sikuwa nimekunywa. Nilikuwa na wivu tu. Na wivu, niaminini, haukunionyesha mzuka. Ulinizuia kumwona, siku zote alizokaa mbele yangu kwenye kiti.

Masomo ya chuo kikuu yalikuwa yamesimama, nami nikarudi nyumbani nikiwa na sanduku la vitabu na heshima ambayo hakuna mtu aliyeiomba. Tuliishi kambi ya wafanyakazi wa reli. Nyumba ya tatu kutoka kwetu ilikuwa ya Papa Séverin, dereva wa treni, na humo alikuwamo Régine, binti yake. Sitawaeleza uzuri wake. Nitasema tu kwamba nilianza kupita mbele ya nyumba ile hata nilipokuwa naelekea upande mwingine.

Kaka yake Régine, Désiré, alikuwa akifanya biashara kwa mashua kati ya Kigoma, Kalemie na Moba. Safari moja akaleta kutoka Kigoma mashine ya kuchezea michezo kwenye televisheni. Kisanduku cheupe, waya mbili, maneti moja, kidude cha vitufe cha kushika mkononi, na kaseti moja tu: mchezo wa pikipiki inayokimbia na kuruka mashimo, mito na madaraja yaliyokatika. Désiré alipoondoka tena kwenda Moba, alimwachia dada yake changamoto: "Nikirudi nikukute umefika mwisho. Kama hapana, usiniite tena Yaya." Yaya kwetu ni kaka mkubwa.

Sasa, mashine ile ilikuwa inaganda. Umeme wetu ulikuwa unapanda na kushuka jinsi unavyotaka wenyewe, transfo, kile kisanduku cha kupunguza umeme, ilikuwa inachemka kama sufuria, na vumbi la kambi lilikuwa linaingia kila tundu. Pikipiki inaruka, halafu papo hapo inasimama hewani, juu ya maji, na televisheni inabaki na sauti moja tu: uuuuu. Hapo ndipo nilipopata kazi. Désiré alikuwa ametufundisha dawa, nami nikaifanya elimu. Unazima. Unachomoa kaseti. Unaipuliza, si kwa nguvu, maana mate ni adui. Unasugua meno yake ya shaba kwa kifutio cha penseli. Unaweka kitambaa chenye maji juu ya transfo, ukikikamua vizuri kwanza kama unapenda maisha yako. Halafu unangoja. Na katika nyumba ile ya Wakatoliki hawakungoja kwa saa ya ukutani, walingoja kwa Salamu Maria moja, nzima, kwa sauti, hadi Amina. Ukiwasha kabla ya Amina, inaganda tena. Nimesoma fizikia, lakini nilijaribu, na ni kweli.

Kambi nzima ikaniita Docta. Diploma sikuwa nayo, ila jina nilikuwa nalo.

Kasoro ilikuwa moja. Mashine ile haikuwa na kumbukumbu. Ukizima, unaanza upya kutoka daraja la kwanza. Régine anafika mbali, mchezo unaganda, mimi naitwa, nazima, tunasali, na yeye anarudi mwanzo.

"Docta," aliniambia siku moja, "weye ni docta wa namna gani? Kila mugonjwa unamuua kwanza, njo unamufufua!"

Mama yake akacheka huko nje jikoni. Nami nikacheka. Nilikuwa tayari kuua wagonjwa wote wa Tanganyika mradi niitwe kesho.

Alhamisi moja, saa kumi na moja jioni, jua bado likiwaka, mtu akapiga hodi. Kijana wa umri wangu, mrefu, shati jeupe, nywele zimechanwa. Mimi nilikuwa nimepiga magoti mbele ya mashine, kifutio mkononi, pikipiki ikining'inia hewani.

"Papa iko?" akauliza.

"Papa haiko, treni ilimuharibikia huko Kabalo," Régine akajibu. "Ulikuwa na nini naye?"

"Nina neno lake. Nitamungoja."

Alisema anaitwa Anselme, mtu wa Moba, rafiki wa Désiré.

"Na Yaya mwenyewe?" Régine akauliza kwa furaha. "Iko wapi?"

"Tuliachana huko Mpala," mgeni akasema, akainamisha kichwa.

Basi. Régine akaelewa kwamba kaka yake amebaki Mpala, njiani kutoka Moba, kwa biashara. Mama akaleta maji. Mgeni akashika kikombe kwa mikono miwili, kwa adabu, asinywe. Na mimi nikaelewa nini? Nilielewa ambacho kila mwanamume mwenye wivu angeelewa. Kijana anakuja na shati safi, anaulizia baba wa msichana, ana neno la kumwambia, haya zinamshika, anatazama chini. Hilo neno ni lipi kama si posa?

Sikumbuki kama kuna mtu niliyewahi kumchunguza kama nilivyomchunguza yule. Niliona viatu vyake vimelowa, nikasema moyoni: mchafu. Niliona hanywi wala hali, nikasema: anaringa. Niliona kifungo cha tatu cha shati lake kimeshonwa kwa uzi mwekundu wakati vingine ni uzi mweupe, nikafurahi usiku mzima. Maskini, nikawaza, hana hata uzi wa kufaa, naye anataka mke!

Halafu akainuka, akaja pale nilipopiga magoti.

"Usizime," akaniambia taratibu. "Atapoteza njia yake."

Akainama kwenye tundu la kaseti, bila kuitoa, akapuliza mara moja. Pumzi ndefu, baridi; niliihisi kwenye mkono wangu. Na pikipiki, iliyokuwa imeganda hewani dakika nzima, ikashuka ng'ambo ya mto ikaendelea na safari.

Mlisikia? Bila kuzima. Bila kurudi mwanzo.

"Eeh! Mama, kuya uone!" Régine akapiga makofi. "Huyu njo docta wa kweli!"

Nilirudi kwetu na kifutio changu mfukoni. Nilikuwa na miaka minne ya chuo kikuu na nimeshindwa na pumzi.

Alikuja tena Jumamosi, saa ile ile. Swali lile lile: "Papa iko?" Kikombe kile kile kilichobaki kimejaa. Mchezo uliganda mara tatu, akapuliza mara tatu, na Régine akafika mahali ambapo hakuna yeyote kambini aliyewahi kufika. Mimi nilikaa kwenye kona nikijifanya nasoma. Mama Régine alinihurumia, akaniuliza, "Na weye, Docta, unakunywa chai?" Nikajibu kwamba sina kiu. Nilitaka na mimi nionekane mtu asiyekunywa.

Jumatatu ikaenea habari kwamba treni ya Papa Séverin inaingia jioni. Nilitangulia kufika. Mgeni alipopiga hodi, shati ni lile lile, kifungo ni kile kile, uzi mwekundu.

"Papa anafika leo," Régine akamwambia.

"Ninajua," akasema. "Leo nitasema na nitakwenda."

Mnaweza kufikiri jinsi maneno hayo yalivyonichoma? Mimi, niliyekuwa napita mbele ya mlango ule miezi mitano, sikuwahi kuthubutu kumwambia Papa Séverin zaidi ya habari za kazi. Na huyu, siku ya tatu tu, anasema na anakwenda.

Régine alikuwa kwenye daraja la mwisho. Alijua ni la mwisho kwa sababu ng'ambo ilionekana bendera. Akaharakisha, pikipiki ikaruka, na katikati ya maji ikaganda. Uuuuu.

"Anselme!" akaita. Hakusema Docta.

Mgeni akainuka. Nami nikainuka pia, nikasimama kati yake na mashine.

"Ngoja kwanza," nikasema. "Katika nyumba hii tunasali kabla. Njo desturi ya hapa. Au watu wa Moba siku hizi hawasali?"

Sikuwa nashuku chochote. Wala msinipe sifa hiyo. Nilitaka tu umeme upotee, au mchezo ujizime wenyewe, au Papa aingie amkute anabishana. Nilitaka lolote lisilokuwa pumzi yake.

Mama Régine, akiwa mlangoni na mwiko mkononi, akaunga mkono bila kujua: "Ni kweli, baba. Sali tu, haichelewi."

Yule kijana akanitazama. Sikuona hasira machoni mwake. Nimeyafikiria macho yale miaka yote hii, na nadhani yalikuwa yananiomba. Kisha akafumbata mikono akaanza. Sauti yake ilikuwa nzuri, na hilo pia likaniudhi. Salamu Maria, umejaa neema. Aliendelea vizuri, akageuka sehemu ya pili, Maria Mtakatifu, Mama wa Mungu, utuombee sisi wakosefu, sasa na saa ya...

Akasimama hapo, kabla ya maneno yanayofuata: kufa kwetu, Amina.

Mdomo umebaki wazi. Macho hayapepesi. Kifua hakipandi. Mkono mmoja ulikuwa umeanza kushuka, haukumaliza kushuka. Na nyuma yake pikipiki hewani, na ile sauti moja.

Régine akacheka. "Anatuigizia mashine! Anselme, acha mambo yako."

Hakuacha. Nje, kutoka upande wa stesheni, tukasikia honi ya treni. Papa Séverin alikuwa anaingia Kalemie.

Nitawaambia nilichofanya bila kujitetea. Nilimwona yule mtu amekwama, na nikajua kwamba nikingoja kidogo ataendelea, atamaliza sala, atapuliza, Régine atavuka, Papa atafika, na neno litasemwa. Mkono wangu ulijua njia ya kwenda ukutani. Nikachomoa waya.

Televisheni ikafa. Na pale aliposimama mgeni hapakuwa na mtu.

Mama Régine alikuwa bado mlangoni na mwiko wake, hakuna aliyempita. Dirisha lilikuwa na nondo. Mwanga wa jua ulikuwa bado unatosha kusoma gazeti. Sakafuni palikuwa na maji, mengi, kama mtu amemwaga ndoo, yakinuka samaki na majani ya ziwa. Kikombe chake kilikuwa juu ya meza, kimejaa.

"Umemufanya nini?" Régine akaniuliza, maneti bado mkononi.

Tulikuwa bado tumesimama hivyo Papa Séverin alipoingia na mfuko wake wa safari. Akatutazama, akavuta kiti alichokalia mgeni, akakaa, akanyanyuka mara moja.

"Munamukalisha nani hapa? Kiti yote imelowa."

Alhamisi, wavuvi wawili wakaja kutoka Mpala. Walifanya kama inavyofanywa: walikaa, wakapewa maji, wakauliza kama baba mwenye nyumba yupo, wakangoja wazee wakusanyike, ndipo wakasema. Na nilipokuwa nawatazama wakingoja, ndipo nilipoelewa. Kuna aina mbili za wageni wanaoulizia baba na kukataa kusema neno lao kwa binti. Mimi nilikuwa nimekumbuka aina moja tu.

Mashua aliyopanda Désiré ilipasuka karibu na Mpala wiki mbili nyuma, siku nyingi kabla ya ile hodi ya kwanza. Mwili mmoja ulifika ufukoni, wakauzika karibu na misioni bila kujua jina.

"Alikuwa namna gani?" Papa akauliza, akiogopa kwamba ni mwanawe.

"Murefu. Shati nyeupe."

Désiré alikuwa mfupi. Nikasikia sauti yangu ikiuliza, "Kifungo cha tatu?"

Mvuvi akageuka kunitazama. "Uzi mwekundu," akasema. "Weye ulimujua?"

Désiré hakupatikana. Alizama, alishikwa na mkondo akatupwa ng'ambo, alitoka hai akapotelea mahali? Mtu mmoja alijua, na alikuja mara tatu kusema. Matanga yalifanyika bila mwili. Siku ya mwisho Régine alikuja nilipokaa, akaniuliza swali moja, kwa sauti ya chini, bila matusi, na ningependa angenitukana.

"Alitaka kusema nini? Weye ulisoma. Niambie."

Hakuniuliza kitu kingine tena. Aliolewa Uvira. Mashine ile Papa Séverin aliifunga ndani ya gunia, sijui iliishia wapi.

Na mimi? Nina mvi sasa, naandika makala, nafundisha watoto wa watu. Kanisani husimama pamoja na wengine tukasali, nami nikifika kwenye maneno yale, sasa na saa ya, ulimi wangu unasimama. Miaka yote hii sijawahi kuyavuka. Wengine wanamaliza, wanasema Amina, wanakaa, na mimi nimebaki wima, mdomo wazi, hadi mke wangu anivute shati. Padri anadhani ni uchaji.

Kwa hiyo wewe unayenisikiliza, mgeni akibisha kwako akauliza kama baba yupo, mpe kiti na maji, hata kama ana shati zuri kuliko lako. Akikwama katikati ya neno, usimharakishe, wala mkono wako usiende ukutani. Ngoja. Mimi kwetu nilikuwa mtaalamu wa kungoja, niliheshimiwa kwa hilo. Na siku moja iliyohitaji Amina, sikuingoja.